Filamu Isiyo na Sauti, na Baba Asiyenyamaza

Turffontein, mchana wa kuamkia safari yako

Mwanangu Rukia,

Umetoka kwenda kusukwa kule Troyeville, na kwa ninavyozijua nywele zako na ninavyomjua msusi wako, hasa akianza habari za mumewe, hutarudi kabla ya magharibi. Kwa hiyo nina mchana mzima wa kukuandikia bila wewe kuchungulia juu ya bega langu na kuuliza neno hili maana yake nini. Nimeandika kwa Kiswahili makusudi. Kizulu chako kinanishinda, Kiingereza changu kinakuchekesha, na huko Tanga unakokwenda hakuna atakayekuonea huruma. Soma taratibu. Anzia ndani ya ndege.

Mambo ya sweta, ya dawa za malaria, ya kutomwachia mtu begi lako, sitayagusa. Mama yako amekwisha kuyasema yote, na kila akimaliza anaanza upya. Mimi nina jambo moja. Bibi yako atakukatalia kumpiga filamu.

Atakukatalia, mama. Nimezungumza naye juzi kwa simu. Nikamwambia mjukuu wako anakuja. Akafurahi, akasema kitanda amekwisha kukitandika. Nikamwambia anakuja na kamera. Hapo hapo akageuka: "Yeye aje. Hilo sanduku la picha aliache hukohuko Johanesibagi."

Najua maana yake kwako. Kiwanda cha shamba letu la mkonge kinavunjwa, ile mashine ya korona iliyokuwa ikikwangua majani na kutoa singa, nyuzi zake, itakatwakatwa iuzwe vyuma chakavu mvua zikiisha, na bibi ndiye mtu wetu wa mwisho aliyefanya kazi pale. Akikataa, utarudi chuoni na filamu ya kutu. Kwa hiyo ni lazima nikueleze kwa nini atakataa. Bahati mbaya habari yenyewe inanihusu mimi, na sitoki vizuri.

Lakini ngoja kwanza nirudi kwenye Jumapili ile.

Ulikuja na filamu uliyoichimbua chuoni kwenu, ya zamani sana, ya tangu picha zilipokuwa hazijajifunza kusema. Ulisema inaonyesha shamba la mkonge upande wa kwetu, na ulitaka tuione wewe na mimi, basi. Kosa langu lilikuwa kumtajia Anko Shabani pale spaza, duka la mtaani. Saa ya kuanza, sebule ilikuwa imejaa watu wa Tanga kama tunaoza binti. Hata Papa Kalala, fundi cherehani, alikuwa amekuja kutoka Kensington, Mkongo wa watu, ambaye mkonge hajauona ila kwenye kamba ya kufungia magodoro nyuma ya bakkie, pikapu za huku.

Tukafunga mapazia, ukaimulika ukutani. Kikatokea kibao cha maandishi, ukatusomea: wafanyakazi wenye furaha wakielekea kazini. Halafu wakaja hao wenye furaha. Wamesimama! Safu nzima ya wanaume mbele ya kiwanda, kanzu nyeupe, kofia, mmoja ana mwavuli, mikono imebanwa mapajani, nyuso kama za watu wanaosubiri maiti itolewe ndani. Hakuna anayepepesa jicho. Kitu pekee kilichokuwa kikielekea kazini ni mbuzi.

"Imeganda hiyo," akasema Anko Shabani. "Rukia, mwanangu, angalia mtandao."

"Haijaganda, Anko. Mwone mbuzi."

"Sasa mbona mbuzi ana mtandao na watu hawana?"

Papa Kalala akasogelea ukuta mpaka kichwa chake kikaingia kwenye picha. "Bale batu banangojea nini? Ni grève?"

"Mgomo gani na kanzu za Idi, Papa Kalala! Toa kichwa."

"Mi nauliza tu. Kwetu mutu akivaa vizuri hivi mbele ya mashini, anaenda kumuzika chef, mukubwa wa kazi."

Umeme ukakatika papo hapo, zamu yetu ya giza. Ungedhani watu watanyamaza. Filamu ilikuwa bubu, sasa ikawa na upofu juu yake, lakini mabishano hayakupoteza hata neno. Anko Shabani aliapa, akiuonyesha ukuta mtupu, kwamba yule mwenye mwavuli ni babu mzaa mama yake, na akatukanwa na watu watatu waliosema ni babu yao wao.

Ndipo ulipotueleza, na siku ile nilikuona mkubwa. Ulisema watu wale kamera waliyoijua ni ya studio: unavaa, unasimama, unashika pumzi. Mpiga filamu aliwatangazia jana yake kwamba kesho anawapiga. Wakavaa, wakasimama, wakashika pumzi. Hakuna aliyewaambia kwamba picha hii ni ya kutembea.

Wote wakacheka. Mimi nilicheka, halafu nikaacha ghafla, ukanipiga mgongoni ukidhani nimepaliwa na karanga. Sikupaliwa.

Umeme uliporudi ukatuonyesha mwisho wa kipande kile. Mmoja wao anadhani imekwisha. Anashusha pumzi, anaiweka kofia upande, anamnong'oneza jirani yake kitu, na wote wawili wanaangua kicheko mpaka wanashikana mabega. Ukakirudisha, ukakirudisha tena. "Baba, ona. Yule mpiga filamu hakuacha kuzungusha mpini wa kamera." Ukasema hapo ndipo penye watu katika filamu nzima, kwingine kote ni nguo.

Tangu siku hiyo hatukupumua humu ndani. Ukaazima kwa mwalimu wako kamera ya mbao ya kuzungusha kwa mkono, kwa sababu unataka kuupiga mkonge wa leo vilevile kama walivyoupiga wale, bila sauti. Na kwa kuwa mwalimu hakukuruhusu kufanyia mazoezi kifaa chake, ukaibana mashine ya mama yako ya kusagia nyama pembeni mwa meza ukawa unazungusha hewa, huku unaimba chini chini ili mkono usipoteze mwendo. Mama yako alitaka kusaga nyama ya sambusa akaambiwa asubiri, filamu inaendelea. Nilijaribu na mimi. Ukaniambia nina mkono wa pupa. Ukanifundisha, wewe mwanangu, kwamba mtu akizungusha kwa haraka, kwenye ukuta watu wake watatembea kama wameshiba ubwabwa wa msiba. Na akizungusha kwa usingizi, watakimbia kama wameona polisi wa vibali. Bado nalifikiria hilo. Miaka yote nimeishi kwa pupa, na sasa najua ni kwa nini kila mtu aliyenizunguka alionekana mzito.

Basi. Nikasema nitakwenda nawe. Nikasema utahitaji msaidizi, mtu anayepajua, na kwamba mimi nitashika kipaza sauti.

Ulinitazama. "Baba, filamu haina sauti."

"Ndiyo maana kazi yenyewe si nzito."

Hukucheka. Ukaniambia kwa Kizulu, lugha unayoitumia ukitaka kusema kweli: "Uyakhuluma kakhulu, Baba." Unaongea mno, Baba.

Nilinuna, najua uliniona. Nilinuna kwenye gari, nilinuna kwenye roboti, taa za barabarani, hata zilipokuwa kijani, mpaka wa nyuma wakanipigia honi. Nikajiambia, mimi? Mimi ninayeishi kwa kamera? Nusu ya ndoa za Waswahili wa mji huu ziko kwenye kabati langu!

Kisha nikamkumbuka yule bi harusi wa Rosettenville. Alikuja na mumewe na video ya harusi yao. "Anko, hapa baba yangu anatoa nasaha. Lakini kuna mtu anaongea juu yake, anasema sogea kulia, mwenye kofia inama, mpishi usipite. Ni nani huyu?" Nikasikiliza kwa makini, kama daktari. Nikamwambia, ni mimi. Akasema baba yake amefariki mwezi uliopita, na alitaka kumsikia.

Hilo ndilo linalonifikisha kwenye kisa nilichotaka kukueleza, kwa sababu haikuwa mara ya kwanza.

Nilipokuwa kijana wa rika lako nilijua kila kitu. Pale shambani alikuwapo fundi mitambo, Mzee Kombo, aliyeachiwa na meneja mmoja aliyerudi kwao kamera ndogo ya filamu, ya kutia ufunguo kama saa ya mezani. Unaijaza, inakwenda pumzi kadhaa, halafu inakufa mkononi. Sauti hairekodi. Ndani ya kopo ulikuwamo mkanda mmoja tu. Mzee Kombo akaniazima, na nikafanya kama yule bwana wa zamani ambaye nilikuwa sijamsikia: nikazunguka kambi nzima ya wafanyakazi nikitangaza. Kesho nawapiga sinema! Kesho kiwandani!

Kesho yake kiwanda kilikuwa uwanja wa Idi. Wakata mkonge wamevaa viatu. Wafungaji wa marobota wamejipaka mafuta mpaka wanang'aa. Kina mama wa kuanika singa wako kwenye kamba zao na khanga mpya ambazo bado zina kanji, na bibi yako yumo, wanja machoni, ameshika fungu la singa kama anamshika mtoto wa mtu. Mmoja alikuja na baiskeli yake ili naye ionekane. Na babu yako, mlishaji wa korona, mtu wa kurushiwa maji ya majani siku nzima, amesimama kando ya mashine yake na koti jeusi la harusi yao, kifungo kimeshikilia tumbo kwa shida.

"Baba, fanya kazi kidogo," nikamwambia.

"Na koti hili?"

"Basi tembea."

"Niende wapi? Kazi yangu iko hapa."

"Tikisika angalau, Baba!"

"Nimetikisika nyumbani. Piga."

Nikapiga. Nyuma yake mkanda wa korona unakwenda mbio, yeye kama amechorwa. Nikasikia ufunguo umekwisha, nikasema, "Basi, Baba." Naye akashusha pumzi, akasema, "Kumbe ndiyo hii tu? Ningeweza mpaka kesho!" Akacheka. Mwanangu, hukuwahi kukisikia kicheko cha babu yako. Kilianzia magotini. Alijishika kwenye reli ya mashine, na kile kifungo kikamruka, kina mama wakakikimbilia. Mimi nimesimama na kamera iliyokufa mkononi, nashangilia pamoja nao, sina hata wazo la kutia ufunguo.

Mkanda ukapelekwa Nairobi kusafishwa, ukakaa huko hadi watu wakasahau. Uliporudi, kulikuwa na gari la sinema ya afya linalopita mashambani kuonyesha habari za mbu. Nikambembeleza mwenye gari aweke na yangu mbu wakiisha. Bibi yako akatoa shuka lake jeupe, tukalitundika kwenye ukuta wa ghala, jua limeshatua, kambi nzima imekaa chini.

Mbu wakaisha. Akatokea babu yako, mkubwa kama ghala.

Na watu wakanyamaza. Hata watoto. Unasikia mashine ya sinema tu inavyokereza. Leo najua kimya kile kilikuwa heshima. Walikuwa hawajawahi kumwona mwenzao amekuwa mkubwa hivyo, na koti lake, na mashine yake. Lakini mimi nilikuwa nimesimama kando ya shuka, jasho linanitoka, nikadhani wamechoka. Nikaona nimefeli. Na mimi kimya sikiwezi. Nikafungua mdomo: "Mabibi na mabwana, mnaloliona hapa ni boriti la mkonge lililovaa koti!"

Unalijua boriti lenyewe, utaliona: kile kigogo kirefu kinachochomoza katikati ya mkonge uliozeeka kikasimama peke yake bila tawi. Kambi ikapasuka kwa kicheko. Na mimi, nikiisha kuonja, nani wa kunizuia? Nikaigiza sauti ya babu yako, nikaigiza korona, nikawarudisha na mbu. Nilikuwa hodari, sikufichi. Mwenye gari aliniambia niache shamba nikafanye kazi naye.

Tangu siku hiyo babu yako akaitwa Mzee Boriti. Bibi yako akawa Mama Boriti, sokoni, kisimani, mpaka msikitini kwenye upande wa wanawake. Mimi nikawa Kijiti, na hilo nilistahili.

Babu yako alikaa hadi mwisho. Akaja kunipa mkono. "Picha nzuri," akasema. "Mashine imetoka vizuri sana." Akaenda kulala. Lile koti hakulivaa tena. Akiulizwa alisema linambana. Lilikuwa linambana tangu sijazaliwa, na halikuwahi kumzuia.

Bibi yako alilikunja akalitia karafuu, akaniambia kamera yangu isivuke tena mlango wake. Haijavuka. Harusi ya shangazi yako niliipiga mwenyewe, nje uwanjani, na kila nilipomwelekea bibi yako aligeuka. Ninao mkanda wote, ukitaka utaona: mgongo wake umetoka vizuri sana.

Ndiyo hivyo. Sasa sikiliza, na ukiona naanza kuhutubia, ruka uende chini.

Ukifika, lile sanduku litie uvunguni na ule chakula. Atakuwa wa kwanza kulitaja, sikuanza kumjua leo. Akilitaja, mwambie kwamba mimi nimebaki Johannesburg. Nadhani hapo tu nusu ya kazi itakuwa imekwisha. Mwambie filamu hii haina sauti na haitatiwa, si na wewe, si na mtu yeyote atakayesimama kando ya shuka. Mwambie Kijiti ndiye aliyekutuma useme hivyo. Atauliza kama naumwa.

Akikubali, mwambie siku moja kabla. Najua chuoni kwenu mnapenda mtu akutwe hivi hivi, na nguo za kazi, ameinama. Bibi yako ameinama miaka mingi, anajua kunavyokuwa. Mwache avae. Akilitoa koti kabatini akasimama nalo mkononi, au akalivaa yeye mwenyewe juu ya khanga, usimwulize kitu. Na akisimama kama boriti mbele ya ile korona, usimwambie atembee. Aende wapi?

Ukiona inatosha, mwambie, "Basi, Bibi." Lakini mkono wako usisimame. Ninaujua wimbo wako wa mashine ya nyama, uendelee. Atashusha pumzi. Atasema neno ambalo hakuna mtu atakayelisikia kamwe, na sisi huku, nikiwa nimekaa na Anko Shabani na Papa Kalala mbele ya ukuta, tutabishana juu ya neno hilo mpaka Idi. Yaani wao watabishana. Mimi nimeahidi kunyamaza, na mama yako ndiye shahidi. Alicheka kuliko alivyopaswa.

Nasikia geti. Bado si wewe, ni Anko Shabani, amekuja kuuliza kesho tunaondoka na gari ngapi. Nimemwambia moja, ameenda kutafuta la pili.

Kwa hiyo nimalizie. Kesho uwanja wa ndege mama yako atalia, Anko Shabani atatoa nasaha zisizo na kituo, na mimi nitakuwa nimevaa koti. Nitasimama wima, mikono mapajani, sitasema hata neno moja, usidhani nimekasirika. Utatupa mkono wa kwaheri, utashika foleni, utaingia. Ukifika pale mwisho kabla ya kukata kona, usiamini kwamba imekwisha. Geuka mara moja tu.

Hapo nitakuwa nimedhani umeacha kuzungusha, na nimeshusha pumzi.

Baba yako,
Kijiti